Neno "Lumbwa": Maana Zake, Matumizi Yake na Nafasi Yake katika Kamusi

Utangulizi

Maneno hufa kwa namna nyingi. Liko neno linalokufa kwa sababu kitu kilichoitwa kwalo kimetoweka. Liko linalokufa kwa sababu neno jingine limekuja na kulivua cheo. Tena liko linalokufa kwa sababu lilikuwa la mgeni tangu mwanzo, na mgeni alipoondoka halikupata wa kulirithi. Neno Lumbwa limo katika kundi hili la tatu. Kwa miongo kadhaa, tangu mwishoni mwa karne ya 19, Kiingereza cha watawala, wamisionari na walowezi wa Afrika Mashariki kililitumia kuwaita Wakipsigis, kisha nchi yao, na hatimaye kituo cha reli. Leo limechakaa. Kijana aliyezaliwa Soin, mahali ambapo nyanda za chai za Kericho huteremka kuelekea bonde la Nyando, aweza kumaliza masomo yake yote bila kulisikia. Lakini siku atakapoingia katika Hifadhi ya Taifa ya Nyaraka, Nairobi, kutafuta habari za ardhi ya babu yake, sehemu kubwa ya anachokitafuta itampita asipolijua neno hili.

Hapo ndipo ulipo uzito wa jambo. Jina ambalo halifai tena kutamkwa mbele ya mwenye kuitwa ndilo hilo hilo lililoandikwa juu ya majalada yenye ushahidi wake. Makala haya yanachunguza asili ya neno hili, maana zake mbalimbali, na jinsi lilivyoachwa. Aidha yanahoji njia tatu ambazo wasomaji na wafasiri huzitumia wanapokutana nalo. Hoja inayotetewa ni kwamba neno Lumbwa halipaswi kufufuliwa wala kufutwa. Lapasa kuwekwa katika kamusi, maana moja moja, kila moja na miaka yake na alama ya hadhi yake.

Asili ya neno

Kikipsigis ni lugha ya Kiniloti cha Kusini, katika kundi ambalo sasa huitwa Kikalenjin. Kimaa, lugha ya Wamaasai, ni Kiniloti cha Mashariki. Neno Lumbwa halina mizizi katika Kikipsigis. Linatokana na Kimaa, ambamo huchukua kiambishi cha wingi wa jinsia ya kiume, il-. Wachunguzi wa mambo ya Wamaasai wamelieleza mara kwa mara kuwa ni jina la kubeza, walilopewa watu ambao, machoni pa mfugaji, walikuwa wamepungukiwa hadhi kwa kushika jembe.

Ikiwa maelezo hayo ni sahihi, basi Lumbwa halikuwa jina la kabila moja. Lilikuwa neno la uhusiano: maana yake ilitegemea nani anasema na amesimama wapi. Mfano wa karibu katika Kiswahili ni neno "mbara". Mtu wa pwani humwita hivyo yeyote atokaye bara, awe Mkamba, Mnyamwezi au Mgogo. Lakini hakuna anayezaliwa mbara nyumbani kwao. Neno la namna hiyo likichukuliwa na mgeni asiyejua desturi yake, hugeuka kwa urahisi likawa jina maalumu, na watu waliokuwa wakielezwa kwa sifa wakajikuta wametengenezewa ukoo.

Ushahidi kwamba neno hili halikuwa na mwenyewe mmoja unapatikana Tanzania. Waparakuyo, ambao ni wasemaji wa Kimaa, nao wamepewa jina la Lumbwa katika maandishi, pamoja na lile la Wakwavi; na majirani zao Wagogo wamewaita kwa umbo linalofanana nalo, Wahumba. T. O. Beidelman alipoandika juu ya watu hao mwaka 1960, alilazimika kwanza kupambanua majina hayo. Kwa hiyo msomaji wa nyaraka za Tanganyika akikuta neno Lumbwa, hasomi habari za Wakipsigis hata kidogo. Umbo ni moja, watu ni wawili, na umbali kati yao ni mamia ya maili.

Jina la Wakwavi lenyewe lina historia ya utata kama huo. J. L. Krapf alichapisha mwaka 1854 msamiati wa lugha ya watu aliowaita Wakuafi, ambao yeye aliwahusisha na jina Iloikop. Zaidi ya miaka mia moja baadaye, wanazuoni walikuwa bado wakibishana juu ya majina hayo. Alan Jacobs, katika tasnifu yake ya mwaka 1965, aliona kuwa Iloikop walikuwa kundi lililochanganya kilimo na ufugaji, likisimama mbali na Wamaasai wafugaji halisi. John Berntsen, katika makala yake ya mwaka 1980, aliushambulia mgawanyo huo na kuonyesha jinsi majina ya vita na ya dharau yalivyosomwa na wanahistoria kana kwamba ni orodha ya makabila. Onyo la Berntsen lawahusu Wakwavi, lakini lafaa pia kwa Walumbwa: jina la kumtaja adui ni ushahidi juu ya anayesema kabla ya kuwa ushahidi juu ya anayesemwa.

Njia mojawapo ambayo majina ya namna hii yalifikia vitabu vya Wazungu ilikuwa misafara ya wafanyabiashara wa pwani. Thomas Wakefield, kwa mfano, alichapisha mwaka 1870 maelezo ya njia za misafara kutoka pwani hadi bara, akitegemea habari za Sadi bin Ahedi, kiongozi wa misafara. Katika taarifa za aina hiyo Mzungu huandika alichosikia kwa Mswahili, naye Mswahili husema alichosikia kwa Mmaasai. Anayetajwa huwa mwisho wa mnyororo, wala haulizwi. Kiswahili kilipolipokea neno hili kililivika viambishi vyake, likawa Mlumbwa na Walumbwa. Kiingereza kililitumia tupu.

Matumizi katika Kiingereza cha utawala

Reli ilifika ukingoni mwa Ziwa Viktoria mwezi Desemba mwaka 1901, na mwaka 1902 nchi ya Wakipsigis, pamoja na sehemu nyingine za lililokuwa Jimbo la Mashariki la Uganda, ikahamishiwa Himaya ya Afrika Mashariki. Katika maandishi ya miaka hiyo, kama yale ya Harry Johnston (1902), Charles Eliot (1905) na A. C. Hollis (1909), Lumbwa ni jina la kawaida. Mwaka 1905 serikali ilipeleka jeshi katika nchi hiyo, katika vita ambavyo nyaraka huviita msafara wa Sotik. Kwa hiyo jina lilianza kuandikwa katika madaftari ya serikali wakati ule ule ambapo nchi ilikuwa ikitiwa chini ya serikali hiyo kwa nguvu.

Hapa lazima itazamwe sarufi, kwani ndiyo iliyofanya kazi kubwa. Kiswahili kingelazimika kuchagua. Mtu ni Mlumbwa, watu ni Walumbwa, lugha ni Kilumbwa, na nchi ingekuwa Ulumbwa. Kila maana ina mlango wake, na msemaji hawezi kuingia bila kupita mlangoni. Kiingereza hakina milango hiyo. Umbo moja tupu, Lumbwa, lilitumika kwa mtu mmoja, kwa watu wote, kwa lugha, kwa mahali, na kama kivumishi mbele ya nomino yoyote. Ndiyo maana maana iliweza kuhama kutoka kwa watu hadi kwenye ardhi, na kutoka kwenye ardhi hadi kwa wageni waliokaa juu yake, bila herufi moja kubadilika.

Mwenendo wa uhamaji huo waweza kufuatwa hatua kwa hatua. Kwanza ni jina la watu. Pili ni jina la eneo la utawala. Nyaraka za kikoloni zina wilaya iliyoitwa Lumbwa Kusini, ambayo makao yake yalikuwa Kericho. Tatu ni jina la kituo cha reli, kile kinachoitwa sasa Kipkelion. Nne ni jina la kila kilichoanzishwa na wageni karibu na hapo. Mmisionari Mmarekani Willis Hotchkiss, baada ya kushiriki katika kuanzisha misheni ya Marafiki huko Kaimosi mwaka 1902, alikuja kufungua misheni ya kazi za mikono iliyobeba jina la Lumbwa. Mwaka 1908 walowezi wa Kizungu walianzisha huko Lumbwa chama ambacho kwa kawaida hutajwa kuwa chama cha kwanza cha ushirika nchini Kenya.

Mfano huu wa mwisho wastahili kukaziwa macho. Chama cha mwaka 1908 kiliitwa kwa jina la Lumbwa, lakini Mlumbwa hakuwamo. Waafrika hawakufunguliwa mlango wa vyama vya ushirika kisheria hadi sheria ya mwaka 1945. Jina ambalo hapo awali lilimtaja mwenye nchi sasa linamtaja aliyemwondoa. Hakuna aliyekaa akaamua hivyo. Umbo tupu la neno liliruhusu, na mamlaka yakafanya yaliyobaki. Katika historia ya msamiati wa ukoloni ni nadra kupata mfano ulio wazi zaidi wa jina la watu kubaki juu ya ardhi baada ya watu wenyewe kuondolewa.

Jinsi neno lilivyoachwa

Kuachwa kwa neno Lumbwa kwaonekana vizuri katika vichwa vya maandishi ya kitaalamu. Mwaka 1923 Juxon Barton alichapisha maelezo yake katika jarida la taasisi ya anthropolojia ya Uingereza, na katika kichwa chake aliyaweka majina mawili ubavu kwa ubavu, Kipsikis na Lumbwa, akiyaunganisha kwa neno lenye maana ya "au". Mwaka 1939 J. G. Peristiany alitoa kitabu juu ya taasisi za kijamii za watu hao hao, na kichwa chake kina Kipsigis peke yake. Kati ya miaka hiyo 16 jina la wenyewe lilipanda kutoka kuwa mwenza hadi kuwa pekee. Kitabu cha Ian Orchardson, kilichotolewa kwa muhtasari na A. T. Matson mwaka 1961, maandishi ya Robert Manners ya mwaka 1967, historia ya Henry Mwanzi ya mwaka 1977, na simulizi zilizokusanywa na Taaitta Toweett na kutolewa mwaka 1979, vyote vinafuata njia hiyo.

Tofauti kati ya Kipsikis na Kipsigis isimsumbue msomaji. Katika lugha za Kalenjin, ughuna wa vipasuo hautofautishi maana. Fonimu ni moja, nayo ikiwa katikati ya irabu masikio ya mgeni huisikia mara kama k, mara kama g. Tahajia zimebadilika, jina halikubadilika. Kiswahili nacho kina mashaka yake madogo hapa, kwa kuwa silabi ya kwanza ya jina hili yafanana na kiambishi cha ngeli ya KI-VI. Yeyote anayedhani kwamba "Kipsigis" ni jina la lugha, na kwamba watu wenyewe ni "Wapsigis", amedanganywa na mfanano huo. Sehemu ya Kip- ni mali ya Kikalenjin na ni sehemu ya jina. Kwa hiyo mtu ni Mkipsigis, watu ni Wakipsigis, na lugha ni Kikipsigis, ingawa ulimi unaona uzito kurudia ki mara mbili.

Yapo majina mengine yaliyozaliwa na kufa sambamba na haya. Jina Kalenjin, linalotokana na usemi wenye maana ya "nawaambia", lilienea kama jina la pamoja katika miaka ya 1940, likachukua mahali pa maelezo ya kigeni kama "watu wasemao Kinandi". G. W. B. Huntingford alikuwa bado akiwaorodhesha mwaka 1953 chini ya jina la Wanilo-Hamiti wa Kusini. Baada ya uainishaji wa Joseph Greenberg wa mwaka 1963, jina hilo la Kinilo-Hamiti nalo likakosa msingi wa kitaalamu, na kazi kama ile ya Christopher Ehret ya mwaka 1971 ikazungumza juu ya Waniloti wa Kusini. Ipo tofauti moja kubwa: Kalenjin ni jina ambalo wenyewe walijichagulia, na ndiyo sababu limeishi.

Makosa matatu ya usomaji

Kosa la kwanza ni kulichukua Lumbwa kuwa kisawe cha Kipsigis. Neno "au" la Barton laweza kueleweka kwa mwaka 1923, kwani msomaji wake wa London alilijua jina moja na hakulijua la pili. Lakini mwandishi wa leo anayeandika "Wakipsigis au Walumbwa" bila maelezo anawafanya wasomaji waamini kwamba majina hayo yanalingana kwa uzito, kana kwamba mwenye nyumba na mpita njia wana haki sawa ya kutoa jina la mtoto. Visawe hutofautiana kwa mtindo au kwa eneo. Majina haya yanatofautiana kwa mwenye kusema, na tofauti hiyo haiwezi kufichwa ndani ya neno moja dogo la kuunganisha.

Kosa la pili linatokana na nia njema. Mfasiri au mhariri, kwa kutotaka kuwaudhi watu, huondoa Lumbwa kila anapolikuta na kuweka Kipsigis. Mahali pengi haleti madhara. Lakini atumie kanuni yake kwa habari za mwaka 1908, na matokeo yatakuwa kwamba chama cha kwanza cha ushirika cha Kenya kilianzishwa na Wakipsigis. Atumie tena kwa maandishi ya Tanganyika, na Waparakuyo watageuka Wakipsigis kwa kalamu moja. Adabu imeandika uongo. Aidha msomaji anayeshika tafsiri hiyo na kwenda nayo kwenye nyaraka hataiona hati yenyewe, kwa maana fahirisi za zamani hazikuandikwa kwa adabu ya leo.

Kosa la tatu ni la sikio. Msemaji wa Kiswahili akisikia Lumbwa husikia ndani yake "mbwa", na kutoka hapo ni hatua fupi kudai kwamba jina lilitungwa ili liwe tusi la Kiswahili. Dai hilo huzidi kuvutia kwa kuwa zipo taarifa za mapatano ya amani katika eneo hilo yaliyofungwa kwa kumkata mbwa vipande viwili. Hata hivyo, sauti kufanana si ushahidi wa asili. Neno linaonekana katika Kimaa likiwa na kiambishi cha Kimaa, na linatumika mbali sana na Kericho, kwa watu wasiohusika na mapatano hayo. Zaidi ya hayo, silabi ya lu- ikikatwa inabaki bila kazi inayoeleweka katika muundo wa nomino ya Kiswahili kwa maana hiyo. Dharau iliyomo katika neno inatosha kuthibitishwa kwa historia yake. Haina haja ya kuongezewa mnyama.

Neno na sheria

Huenda wengine wakaona kuwa haya ni mabishano ya wanakamusi tu. Mfano mmoja kutoka nchi hiyo hiyo waonyesha vinginevyo. Mwaka 1934 serikali ya kikoloni ilipitisha sheria ya kuwaondoa watu wa ukoo wa Talai kutoka Kericho, wakapelekwa Gwassi, karibu na Ziwa Viktoria. Sheria hiyo iliwaita "laibon". Neno hili nalo ni la Kimaa, oloiboni, jina la kiongozi mwenye kipaji cha uganga na utabiri miongoni mwa Wamaasai. Wakipsigis wana neno lao, orkoiyot, ambalo lina historia yake na mipaka yake. Sheria haikulitumia. Watu walihamishwa kwa jina la cheo cha watu wengine, kama walivyokuwa wametawaliwa kwa jina walilopewa na watu wengine.

Ulinganifu wa Lumbwa na laibon hauwezi kuwa bahati nasibu. Maneno yote mawili ni ya Kimaa. Yote mawili yaliingia katika Kiingereza kabla watawala hawajajifunza lugha ya mahali. Na yote mawili yakabaki katika hati hata baada ya maneno sahihi kujulikana. Kiingereza cha utawala kilikuwa na tabia ya kujifunza jambo mara moja tu. Kikishapata jina la kuandika juu ya jalada, hakikuona faida ya kuliuliza tena.

Madai ya ardhi yanaupa mjadala huu uzito wa leo. Mwaka 1919 takriban ekari 25,000 za Kericho zilitolewa kwa mradi wa maofisa wa Kiingereza waliojeruhiwa vitani, ili walime kitani. Mradi ulianguka, na katikati ya miaka ya 1920 makampuni ya chai, yakiwamo Brooke Bond na James Finlay, yakashika nafasi. Karibu karne nzima baadaye, mwaka 2019, Wakipsigis na Watalai walipeleka malalamiko yao mbele ya Umoja wa Mataifa, na mwaka 2022 wakaifikia Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu. Madai ya namna hii husimama juu ya karatasi. Naye anayezisoma karatasi hizo lazima ajue ni wakati gani Lumbwa ni watu walioondolewa, ni wakati gani ni wilaya, na ni wakati gani ni kituo cha gari moshi kilichozungukwa na mashamba ya walowezi. Akikosea hapo, anakosea juu ya nani alikuwa wapi, na hilo ndilo swali lenyewe.

Ushahidi wa Soin

Majina ya wenyeji yanaonyesha kilichokosekana. Neno "soi" katika Kikalenjin ni nchi ya chini yenye joto, kinyume cha "mosop", nchi ya juu yenye baridi. Ndiyo sababu jina hili linarudi mahali pengi: iko Soin ya Kericho, iko Soin ya Baringo, na iko Soy ya Keiyo bondeni. Anayezijua zote haambiwi kwamba zina hali ya hewa ya kufanana; jina limekwisha kumwambia. Katika Kericho lina maana ya ziada kwa macho. Chai hutawala nyanda za juu, lakini mtu akishuka Soin huiacha nyuma na kuingia katika mahindi na miwa. Mpaka kati ya chai na isiyo chai, ambao makampuni yaliugundua kwa kupima mvua na mwinuko, ulikuwa umekwisha kutiwa katika lugha.

Soin pia ni mahali pa kukutania majina. Majirani wa upande wa ziwa, Wajaluo, huwaita Wakipsigis na Wanandi kwa jina moja, Lang'o, na jina hilo limetumiwa hata kwa Wamaasai. Huko Uganda wako Walango, ambao lugha yao ni ndugu ya Kijaluo chenyewe. Kwa hiyo tabia ya jina la jirani kutangatanga haikuletwa na Mzungu. Watu wote huwapa majirani zao majina, na mara nyingi majina hayo ni mapana kuliko watu, tena hayana heshima. Kilichokuwa kipya katika ukoloni ni kwamba jina moja kati ya mengi lilinyang'anywa wasemaji wake, likapigwa mhuri, likatiwa katika ramani, sheria na ratiba ya reli. Lang'o lilibaki mdomoni mwa jirani, ambako laweza kujibiwa. Lumbwa lilikwenda ofisini, ambako hakuna aliyejibu.

Nafasi ya neno katika kamusi

Kamusi za Kiswahili kwa kiasi kikubwa zimeyaacha nje majina ya makabila, na zina sababu: majina maalumu hayana mwisho. Lakini jina lililokufa si sawa na jina lililo hai. La hai msomaji aweza kuliuliza kwa wenyewe. Lililokufa hana pa kuliuliza ila kamusini. Zaidi ya hayo, Lumbwa limewahi kuwa nomino ya kawaida, kivumishi na jina la mahali kwa pamoja, na utata wa namna hiyo ndio kazi ya mwanakamusi. Kidahizo cha kamusi ya kihistoria kingeweza kuwa na sura hii:

Lumbwa (Mlumbwa, Walumbwa): neno la zamani, asili yake Kimaa, lina dharau likitumiwa kwa watu. 1. Miongoni mwa Wamaasai: watu wanaolima, neno la kubeza. 2. Katika maandishi ya Tanganyika: Waparakuyo, linganisha Wakwavi, Wahumba. 3. Katika Kiingereza cha utawala wa Kenya, hasa kabla ya miaka ya 1930 kwisha: Wakipsigis, au lugha yao. 4. Eneo la utawala lenye makao Kericho. 5. Kituo cha reli, sasa Kipkelion, na mashamba ya walowezi ya karibu. Kwa maana hii halitaji Wakipsigis. Matumizi ya sasa: katika kunukuu na kueleza nyaraka tu.

Mpangilio huu una faida tatu. Unamzuia msomaji kuichukua maana ya tatu na kuipeleka mahali pa maana ya pili au ya tano. Unaitaja dharau waziwazi, ili asiwepo wa kusema kwamba hakujua. Tena unamwachia mtafiti ufunguo wa jalada. Kwa mfasiri kanuni inayofuata ni nyepesi: katika nukuu jina libaki kama lilivyoandikwa, na maelezo yafuate mara moja, katika maneno yake mwenyewe mwandishi atumie Wakipsigis, ikiwa ni wao kweli wanaotajwa.

Pengine itapingwa kwamba kuliweka neno la dharau katika kamusi ni kulipa uhai. Pingamizi hili lina uzito, kwa maana kamusi katika nchi zetu huaminiwa kama sheria. Jibu ni kwamba neno halipewi uhai na alama ya "zamani" na "dharau". Hupewa uhai na ujinga, pale linapookotwa katika kitabu chakavu na kutumiwa na mtu asiyejua limetoka wapi. Kimya cha kamusi hakiwezi kumlinda mtu yeyote, ilhali nyaraka zinaendelea kusema.

Hitimisho

Imeonekana kwamba Lumbwa lilianza kama neno la uhusiano katika Kimaa, likatumiwa kwa watu wawili walio mbalimbali, likafanywa na Kiingereza cha utawala kuwa jina maalumu, na kwa wepesi wa umbo lake tupu likahama kutoka kwa watu hadi kwenye wilaya, kituo, na chama cha walowezi. Imeonekana pia kuwa vichwa vya maandishi kati ya mwaka 1923 na 1939 vinashuhudia kushuka kwake, na kwamba makosa ya kulilinganisha, kulifuta na kulitafutia asili ya uongo yote yanapoteza ushahidi.

Kazi iliyobaki ni kubwa kuliko neno moja. Nyaraka za Afrika Mashariki zimejaa majina ya aina hii, na kila moja lina watu chini yake. Idara za lugha za vyuo vikuu zina wanafunzi watokao katika maeneo hayo yote, wanaojua majina ya wenyewe na waliofunzwa kutengeneza vidahizo. Kamusi ya majina yaliyokufa, yenye miaka, maana na hadhi ya kila jina, ingewafaa mwanahistoria na mwanasheria kama inavyomfaa mwanaisimu. Yaweza kuanza na Lumbwa, na ikaanzia Soin.